Kalamu ya Chuma Iliyogoma

Jumamosi, katikati ya Septemba 1992

Joto limeanza mapema mwaka huu. Tangu asubuhi upepo unaleta majivu ya nyasi zinazochomwa porini, na kila nikifuta meza vumbi jeusi linarudi. Miombo imeanza kutoa majani mekundu ingawa mvua bado iko mbali. Kule kwetu milimani, wakati kama huu, ardhi huwa imeshaonja manyunyu ya kwanza. Miaka yote hii, na pua yangu bado inaitafuta harufu ya udongo ule uliolowa kila Septemba.

Dada yangu Perpetua anaondoka Jumanne. Atapanda treni hadi Kaliua, kisha Kigoma, kisha atavuka mpaka kurudi kwenye kilima tulichozaliwa. Mimi nabaki. Sababu zangu nimekwisha kuziandika humu na sitazirudia kwa kirefu: mke wangu Anastazia amezikwa hapa kwenye makazi yetu ya wakimbizi, na mapafu yangu hayaitaki tena baridi ya kule. Lakini nilitaka kitu kimoja kiende naye. Wimbo wa baba.

Baba alikuwa mwalimu wa kwaya. Aliutunga wimbo wa kushukuru mavuno ya mtama, wenye sauti nne, na haukuwahi kuimbwa popote isipokuwa kilimani kwetu. Wengi waliouimba hawapo tena. Perpetua anaikumbuka sauti ya kwanza. Zile nyingine tatu ninazo mimi peke yangu, kwa sababu mimi ndiye niliyekuwa nikimnakilia baba noti. Nikifa bila kuziandika, utabaki wimbo wa mguu mmoja.

Ningeweza kumwandikia nakala moja kwa mkono. Lakini nakala moja hukaa mfukoni mwa mtu mmoja, na kwaya inataka kila mwimbaji ashike karatasi yake. Kwa hiyo nilitaka stensili, halafu mashine ya kurudufu ya kanisa pale mjini Mpanda, ambayo huzungushwa Jumamosi kwa ajili ya matangazo. Kwa Perpetua, Jumamosi iliyobaki ilikuwa hii ya leo.

Kalamu yangu ya stensili haina wino. Ni kijiti cha mbao chenye ncha ya chuma. Unaandika juu ya karatasi ya nta, ncha inakwangua nta, na baadaye wino wa mashine unapita pale palipokwanguliwa. Ilikuwa kwenye mfuko wa shati langu siku tuliyokimbia. Sikuichagua. Watu walibeba watoto, mablanketi, mbuzi. Mimi nilifika upande huu, nikajipapasa, nikakuta nina kalamu.

Alhamisi iligoma kukata.

Nilianza kama nilivyofundishwa. Nilikaza mkono: ncha iliteleza tu, kama ukucha juu ya sahani. Niliinua karatasi dirishani kuona kama mwanga unapita kwenye herufi, lakini hapakupita kitu. Nikainoa ncha kwenye jiwe la kisu, kidogokidogo, kwa kuizungusha, maana ukiinoa upande mmoja itachana badala ya kuandika. Bado. Nikaipangusa kwa mafuta ya taa, pengine imeshika nta ya zamani. Bado. Nikaondoa ubao niliokuwa nimeuweka chini ya karatasi, nikaweka kioo cha dirisha, kwa sababu kitu laini chini hunyima ncha nguvu. Safari hii karatasi ilipasuka, ufa mrefu, kavu, kama jani la tumbaku lililosahauliwa bandani.

Nikaweka ncha kwenye ulimi kupima kama ina makali. Perpetua alikuwa mlangoni anachambua maharage.

"Kaka, acha kulamba hilo lichuma. Ukikatika ulimi nani ataniaga?"

"Imekufa," nikamwambia.

"Basi tuizike Jumatatu, nisikose msiba."

Nilicheka, lakini usoni tu. Ijumaa kutwa niliitazama kalamu ile kama mtu anavyomtazama ndugu aliyelala hospitali. Sina kitu kingine kutoka kwetu. Hata shati lile lilishageuka matambara zamani. Na nilihisi jambo ambalo ni aibu kuliandika: kwamba Perpetua akiondoka na kalamu ikiwa imekufa, hapatakuwa tena na ushahidi wowote kwamba nami nilitoka mahali.

Leo alfajiri nikaomba lifti kwenye lori la tumbaku hadi mjini. Ofisi ya kanisa iko nyuma ya maduka ya mtaa wa Kashaulili, na mwenye mashine ni Mama Skola, mwanamke wa Kifipa mwenye sauti ya kuita ng'ombe ng'ambo ya mto. Alipokea shikamoo za watu wawili kwa mpigo, akanipa mimi ya kwangu, akaichukua kalamu na kuigeuza kwenye mwanga.

"Mzee, hii ni ya lini? Mimi nilikuwa bado nanyonya."

"Ilikuwa nzuri wakati huo."

"Hata wewe ulikuwa mzuri wakati huo."

Watu wote ofisini wakacheka, nami nikacheka nao. Nilikuwa nimekwenda kuazima kalamu yake. Hakuwa nayo, wao siku hizi wanatumia taipu. Nikamwomba basi kipande chochote cha stensili iliyoharibika, nipime mara ya mwisho. Akanichania pembe ya ile iliyokosewa. Nikaiweka juu ya kioo cha meza yake na kuandika herufi moja tu.

Ilikata.

Ilikata kwa ule mlio mdogo niliokuwa nimeusahau, kama panya anayetafuna mbali. Nikaandika ya pili, na ya tatu. Nikaiinua dirishani, na mwanga ukapita.

Kalamu haikuwa na ugonjwa. Karatasi zangu ndizo zilizokufa.

Nieleze hapa, ili nijielewe mwenyewe. Stensili zangu zilikuwa kwenye sanduku la bati chini ya kitanda. Karibu kila nyumba hapa makazini ina sanduku kama hilo. Ndani yake mnakaa vitu vya siku ya kurudi: kanga mpya, jembe ambalo halijawahi kuonja udongo, blanketi lenye karatasi yake ya dukani. Hatulifungui hovyo, kwa sababu kulifungua ni kama kusema haturudi. Zile stensili nilipewa na padri mmoja miaka mingi iliyopita, boksi zima, nami nikasema nitazitumia siku nitakapofika kwetu, nitaandika nyimbo zote za baba kwa ajili ya kilima kizima. Nyimbo za hapa niliziandika kwa mabaki ya kuombaomba. Zile nzuri nikaziacha zisubiri. Zimesubiri hadi nta imekauka kama gamba.

Nilimweleza Mama Skola. Hakunicheka.

"Nyie watu wa makazini," alisema taratibu, "mnatunza vitu mpaka vinazeeka mnaviangalia." Kisha akafungua kabati, akanipa stensili moja mpya. "Moja, mzee. Ya matangazo ya wiki ijayo hiyo. Ukikosea usinitazame."

Moja ilitosha wimbo mmoja. Niliandika polepole kuliko nilivyowahi kuandika chochote. Herufi zenye tumbo, kama d na o, huachwa wazi kidogo, la sivyo kipande cha nta kinadondoka na wino unamwagika doa jeusi. Mkono wangu ulikumbuka hilo kabla yangu. Sauti ya kwanza, ya pili, ya tatu. Nilipofika kwenye besi nilijikuta naiimba, na Mama Skola akazima redio yake.

Nilirudi jioni na rundo la karatasi zenye harufu ya wino mbichi. Perpetua alinawa mikono kwanza ndipo akapokea. Alisoma akiwa amesimama, midomo ikitembea. Tukajaribu pale pale uani, yeye sauti ya kwanza, mimi ya nne. Katikati palikuwa na nafasi ya waimbaji wawili ambao hawapo tena, na sote wawili tulijua ni akina nani.

"Na kule nani ataimba hii yako?" akauliza.

"Nimeiandika. Yeyote anayejua kusoma noti."

"Umeandika noti. Kifua hukuandika."

Nilikwenda chumbani, nikalivuta sanduku hadi uani, nikalifungua mbele yake. Zile stensili zilizokufa nikaziweka jikoni, zitafaa kuwashia moto. Chini yake palikuwa na sahani za bati zenye maua mekundu ukingoni. Anastazia alizinunua tukiwa bado tunahesabu kurudi kwa misimu. Alisema mlo wetu wa kwanza kule hautaliwa kwenye mabakuli ya msaada. Hakuwahi kula humo hata mara moja. Hilo ndilo linaloniuma jioni hii kuliko treni ya Jumanne.

Perpetua alichukua sahani moja akaipuliza vumbi.

"Kaka, hizi nazo zinasubiri nini?"

Nimeziosha. Zimeinamishwa juu ya kichanja cha vyombo, zinakauka pamoja na masufuria ya kila siku, na ukiziona utadhani zimekuwa pale siku zote. Kesho baada ya ibada tutakula humo, maharage aliyoyachambua, na ugali, na nitamwekea Anastazia ya kwake, hata kama majirani watashangaa.

Sanduku nimempa Perpetua. Alikataa mara ya kwanza, akakubali aliponiona nimeshafuta ndani. Ameweka karatasi za wimbo chini kabisa, zisikunjike, na nguo zake juu. Nimeukalia mfuniko ili kufuli ishike. Lilinunuliwa kwa ajili ya safari hiyo, na Jumanne litapakiwa kwenye behewa na kwenda. Litafika kilimani. Mtu atalifungua ndani ya nyumba ambayo mimi nimeikumbuka kila siku, na hatajua kwa nini lina mikwaruzo ya miguu ya kitanda changu.

Kalamu nimebaki nayo. Bado kuna nyimbo nyingine za baba, na Jumatatu nitampelekea Mama Skola karanga, nimwombe stensili nyingine.

Safari hii nitaandika siku hiyo hiyo.

Chini ya kitanda pana nafasi kubwa, yenye umbo la sanduku, ambapo sakafu haijawahi kufagiwa. Nimechukua ufagio, kisha nimeuegemeza mlangoni; kwa usiku huu alama ya sanduku na ibaki. Nitapafagia kesho.