Gemu Inayompa Mama Pole

Chumba cha nyuma,
Duka la Mihuri na Vibao.
Jumapili, 9 Machi

Mpendwa mdogo wangu Chepe,

Salamu nyingi zikufikie huko uliko, na zikukute umekula na umelala vizuri. Vipi afya yako? Kile kikohozi nilichokisikia kwenye simu kimekuacha, au bado mnaishi pamoja? Sisi huku tu wazima. Baba anatembea, anakula na analalamika, kwa hiyo usiwe na wasiwasi juu yake.

Pole zako nilizifikisha kwa Mama. Alizisikiliza, akautazama ule mkono wake uliovunjika, akaniambia nisikujibu chochote kwa niaba yake. Alisema pole ya mwanawe ataijibu mwenyewe. Nikaona niache hivyo hivyo.

Ukweli ni huu, na sitakuficha. Mfupa umeunga vizuri, ila plasta ilipotolewa vidole vilikuwa vimekakamaa. Mtaalamu wa mazoezi pale hospitali alimpa mpira laini wa kufinya, akaonya kwamba asipovichezesha vidole sasa vitabaki hivyo. Mama unamjua. Aliufinya siku mbili tatu, akasema yeye si mtoto wa kupewa mpira, akauweka juu ya kabati. Mkasi wake ukabaki umening'inia msumarini, cherehani ikafunikwa shuka, na vitambaa vya wateja akavirudisha kwa wenyewe bila kuvishona. Fundi aliyetuvalisha sisi na mtaa mzima! Hilo liliniuma sana.

Ndipo nilipoikumbuka gemu yako ya zamani, ile ya mchimba kisima anayeshuka mapangoni na chepe mkononi na taa kichwani, iliyokupa hilo jina lako. Pedi yake ya kuchezea, ile ya kushika mikononi, ina vitufe vya kila kidole. Nikaipachika kwenye kompyuta yangu, nikamwekea Mama mezani. Akayaangalia yale maandishi ya kigeni, akasema hawezi kukaa na kitu kinachomsengenya kwa lugha asiyoijua. Baba akacheka, mimi nikaudhika, nikasema basi nitakifundisha Kiswahili.

Usicheke. Najua mimi na kompyuta tunafahamiana kwa mbali. Lakini mtandaoni kuna watu wanaobadilisha gemu za zamani na kufundisha wengine bure, na kwao nikapata programu inayofungua faili la gemu na kukuonyesha maneno yake yote yamejipanga. Kwanza nikatoa nakala, kama ninavyofanya na muhuri wa mteja kabla sijaukata. Kisha nikaanza kwa mbwembwe. Pale pa kuhifadhi mchezo nikaandika "Hifadhi". Nilipowasha, mchimbaji akashuka kisimani hana kichwa. Taa ipo, inaelea yenyewe.

Kumbe kila neno limepewa nafasi yake, na neno la kigeni pale lilikuwa na herufi nne tu. Zangu tatu za ziada zilimwagikia kwenye kichwa cha watu. Hapo nikatulia, maana hiyo ndiyo kazi yangu. Kila siku watu huniletea majina marefu kama treni wakitaka yaenee kwenye muhuri mdogo, na yanaenea. "Hifadhi" ikawa "Weka". Pa kukataa palikuwa na nafasi mbili, nikaweka "La". Pa kukubali palikuwa na tatu, nikaweka "Eee", kama mtu anayeitikia akiwa jikoni. Pa kutokea palikuwa na nne, nikaweka "Toka", nikajipongeza.

Mama akakaa, akacheza kidogo, akataka kupumzika. Akaenda pale pa kutokea, akasoma, akaiweka pedi mezani taratibu.

"Yaani umenikalisha hapa," akasema, "ili kitu cha umeme kinifukuze sebuleni kwangu?"

Nilijaribu kueleza, lakini utamweleza nini mama aliyekwisha kuambiwa toka? Baba naye badala ya kunisaidia akasema hata yeye hajawahi kuthubutu. Nikarudi kwenye faili, nikaifuta "Toka", nikaandika "Basi". Herufi ni nne zile zile, ila hizi zina adabu.

Yakabaki yale maandishi mekundu ya mwisho, mchimbaji anapoanguka. Unayakumbuka, ulikuwa ukiyaona unarusha pedi: "Game Over". Nikajaribu "Mchezo umekwisha", haikuingia. "Umekufa" iliingia, lakini nani amwandikie mama yake hivyo? Nikahesabu nafasi kwa ncha ya kalamu, pamoja na ile iliyo wazi katikati, nikapata tisa. Nikaandika "Pole sana". Ikaenea, haikupungua wala haikuzidi.

Chepe, hiyo ndiyo iliyofanya kazi. Mara ya kwanza mchimbaji alipoanguka, Mama aliyasoma yale maneno, akasema, "Nimeshapoa," akabonyeza kuendelea. Hakuwa anatania. Unajua alivyotulea: mtu akikupa pole humwachi hivi hivi ukaondoka. Akaanguka tena, akapewa pole, akaitikia, akashuka tena kisimani. Tangu siku hiyo hukaa na pedi kila akimaliza chai, na kwa kuwa ni mchezaji mbovu kuliko wote niliowahi kuwaona, pole anazipata nyingi. Vidole vinafanya mazoezi bila mwenyewe kununa.

Wiki iliyopita mtaalamu alimshika mkono, akavikunja vidole kimoja kimoja, akafurahi, akauliza kama anaufinya mpira. Mama alijibu kwamba mpira uko salama juu ya kabati. Na jana niliporudi kutoka dukani nilikuta shuka limeondolewa kwenye cherehani. Hakuwa ameshona chochote. Alikuwa ametunga tu uzi kwenye sindano, na hakutaka niseme neno, kwa hiyo nikaenda kulilia jikoni.

Kidole gumba bado kizito, lakini sina shaka nacho tena. Sasa Mama anasema koti la mchimbaji limekaa vibaya begani na anataka nilirekebishe. Nimemwambia koti ni kazi yake, mimi ni wa herufi.

Shangazi anakusalimu sana, na fundi viatu wa jirani anauliza kama huko nako kuna matope. Baba anasema ununue dawa ya kikohozi uache ubishi. Mungu akutunze, akufungulie kila mlango unaougonga, akurudishe kwetu ukiwa mzima.

Nimeacha nafasi hapa chini, maana Mama ameniomba kalamu. Mwandiko ukiuona umepinda usiucheke, ni wa mkono ule ule.

Dada yako akupendaye,
Dada Muhuri

Nimeshapoa, mwanangu.
Mama