Kilio Chako Kutoka Rombo

Mpendwa binti yangu Nekesa,

Tangu uende kufundisha Rombo, nyumba hii ya Kitengela imepoa. Unakumbuka ulivyokuwa ukishinda sebuleni na katuni zako za Kijapani, ukinijibu kwa sauti nyembamba ya wale wasichana wenye macho makubwa? Nikikutuma chumvi, unapiga yowe kana kwamba nimekutuma vitani. Siku moja nilichoka nikakuambia, "Ongea kama mtu." Ukanyamaza, ukazoea kunyamaza, hata siku ya kuondoka uliniaga kwa kichwa tu. Iliniuma.

Huko Rombo ukawa unanitumia kwa simu stika za hao wasichana na vipande vya ile sauti. Nikaona hutaki mazungumzo na mimi.

Alhamisi ikaja stika ya msichana akibubujikwa machozi, kisha sauti yako ikipanda: "Nimekufa! Mum, nimekufa!" Nilishika ukuta. Unajua kwetu Bungoma sauti ikipanda vile, kuna msiba. Nilikupigia, simu haikuingia, nikawaita akina mama wa kanisa. Walifika leso zimefungwa kiunoni, mmoja na kilo mbili za sukari, matanga kabisa. Nilipowasikilizisha, Mama Mutua akaangua kilio, akasema mtoto anateswa.

Tulikuwa katikati ya maombi ulipopiga. "Mum, si nilikuwa nacheka? Mbuzi aliingia class akakula rejista yote."

Nilikaa sakafuni nikamshukuru Mungu kwa ajili ya mbuzi wa watu. Mama Mutua, machozi bado mashavuni, alitaka kujua kama mbuzi alikula kalamu pia. Tulicheka mpaka chai ikapoa.

Jioni hiyo nilirudia vipande vyote ulivyonitumia, kimoja kimoja. Sasa naanza kusikia. Ukivuta neno mwishoni, unanitania. Ukishusha sauti ghafla, umechoka na unataka pole. Nilimwuliza baba yako kama yeye pia unamtumia hizo. Akasema yeye hupata "Shikamoo, Dad" na kwisha.

Kumbe sauti niliyokukataza ndiyo uliyonihifadhia mimi peke yangu. Nisamehe, mwanangu. Nilikuwa naomba kila siku uniongeleshe, na wewe ulikuwa unaniongelesha.

Kaa salama huko, na usinyamaze tena.

Mama yako