Sakafu ya Ghala la Zaka

Jumatano, baada ya isha

Na eti ndiye msomi wa familia! Kaka Salim kaamua kulitia marumaru ghala la marehemu babu kule Sib, alifanye mkahawa. Fundi anaanza kesho.

"Sakafu ina mifereji, wateja watajikwaa," kaniambia kwenye simu. "Waliojenga hawakujua kusawazisha."

Nimemweleza tena. Humo ndimo zilimowekwa tende za zaka za mtaa mzima. Magunia yakipandana hadi darini, uzito unazikamua tende, asali yake ya tende inafuata mifereji mpaka mtungini, wakagaiwa mafakiri.

"Weye umesomea wapi ujenzi?"

"Kwa kutazama, kaka. Nawe ungejaribu."

Kacheka, akakata simu. Nnaogopa kweli. Marumaru ikishashikwa na saruji, huibandui bila kuvunja kilicho chini.

Nikampigia mama. Habari za mifereji hata hakuzisikiliza.

"Ghala lile babu yenu kaliweka wakfu kwa mafakiri," kasema. "Nani kamruhusu kuuzia kahawa humo? Mwache, nitamwambia mwenyewe."

Salim kanipigia sasa hivi, sauti ya chini. Mama keshamwambia; fundi kamkataza asije kesho. Ila anauliza: mafakiri wakipewa kapuchino ya bure, haitojuzu?