Maisha Mepesi kwa Jembe Langu

Jumatatu, 7 Machi 1994

Nimetwanga tena. Mashine ya kusaga ipo hapo chini tu, lakini mume wangu, Baba Tasiana, hataki. Tangu aache kazi ya ofisi Mbinga mjini na kuturudisha kijijini Kitura, wimbo wake ni mmoja: tusinunue. Maduka yamejaa redio na mitumba, watu wamepagawa, anasema. Sisi tutakula cha shambani. Mabega yananiuma.

Jumatano, 9 Machi

Amemaliza kufyeka mteremko. Majani ameyalaza yakakatana miraba miraba. Miraba mizuri, nakiri. Kwetu mwanamume hulaza majani, mwanamke huchimba ngolo: udongo wa katikati ya mraba unautupa juu ya majani uwe tuta la kupandia, linabaki shimo. Basi kazi yake imekwisha. Anakaa barazani akisifu maisha mepesi. Mepesi kwa nani?

Jumapili, 13 Machi

Sijachimba. Majani yanakauka. Mvua ikikatika kabla hayajafukiwa, hakuna maharage, na msimu ujao hakuna mahindi. Najua. Nataka ashindwe, turudi mjini.

Baada ya misa mama mkwe akauliza kama naumwa. Siumwi, Mama, nimechoka. Shamba letu liko kando ya njia ya kanisani, kila apitaye anaona mke amegoma. Aibu ninayo. Hasira ninayo zaidi.

Alhamisi, 17 Machi

Leo nimemwambia. "Baba Tasiana, kama maisha haya ni matamu, shika jembe wewe." Akatoka. Nikalia. Kisha nikala kiporo cha viazi, maana njaa haijui ugomvi. Kesho atasema basi, tufunge mizigo. Nimeshaanza kukunja nguo akilini.

Jumamosi, 19 Machi

Nimemkuta shambani mchana kweupe, anachimba. Mwanamume, ngolo! Wanawake waliotoka mtoni walicheka hadi ndoo zikamwagika. Hakuinua kichwa. Mashimo yake mabaya, mengine majani yanachungulia nje. Malengelenge ya viganjani yamepasuka.

Nikaenda kuchukua jembe langu, nikaanza mraba wa pili. Sikumsahihisha.

Jioni nilipoleta ugali alikuwa amelala kwenye mkeka, matope mpaka viwikoni. Sikumwamsha. Anayataka kweli maisha haya. Nilidhani ni maneno tu. Sasa mjini haturudi, na mimi itabidi nijifunze kuyataka.