Gulnaz, Aliyetushikia Uwanja

Kwa Gulnaz Rahim Bakhsh (1985–2018)

Mwaka umetimia, Gulnaz, tangu tarehe 11 Juni 2018 ulipotutoka hospitalini hapa Johannesburg, siku chache kabla ya Idi, kwa homa ya mapafu. Ulikuwa na miaka thelathini na tatu. Daktari alisema baridi ya uwanja wa mpira haikuhusika. Mama mkwe wako hajamwamini mpaka leo.

Naandika mimi wifi yako Amisa kwa niaba ya nyumba nzima, kwa kuwa mumeo Mselem kila akishika kalamu huishia kwenye jina lako.

Ulizaliwa Lyari, mjini Karachi, mtaa ambao ulituambia watoto wake hujua mpira kabla ya kujua kusoma. Ulianza na timu ya wasichana ya mtaani, ukasajiliwa na timu ya taasisi moja ya serikali, na mara tatu ukavaa jezi ya Pakistani, beki namba mbili. Mselem alikwenda huko kununua vitambaa vya duka lake la hapa Rosettenville, akarudi na picha yako ukiwa na jezi hiyo. Mama yetu, Bi Tumu, aliitazama sana. Akasema binti ni mzuri, aje, ila akishaolewa mpira basi. Ukakubali. Ulifika Agosti 2015, na jezi ilikuwa chini kabisa ya sanduku. Niliiona nilipokusaidia kupanga nguo, nikaifunika tena.

Kiswahili ulijifunzia saluni kwa Murielle, jirani na duka, kwa hiyo ulitupikia biriani ya Karachi na kutusemesha Kiswahili cha Lubumbashi. Mama akikuita unajibu, "Mama, niko nakuya," yaani unakuja, naye anacheka peke yake jikoni. Chapati zako zilikuwa tamu kuliko zangu. Leo nakiri, maana huwezi tena kunitambia.

Murielle na wasusi wenzake walikuwa na timu yao, Étoile. Uwanja wetu una desturi yake: Jumapili, timu yenye mtu na mpira pale saa mbili asubuhi, uwanja ni wake mpaka saa nane mchana. Na saa mbili wasusi wote wako njiani kwenda kanisani. Kila wiki walitoka ibadani wakakuta wanaume wa Thierry, yule fundi magari, wanacheza. Ukamwomba mama ruhusa: wewe Jumapili huna ibada ya kukuzuia, ungekwenda kuwashikia uwanja tu. Kukaa si kucheza. Mama akasema sawa.

Basi tangu Januari 2016 ukawa unakaa chini ya nguzo ya goli, umejitanda shali, mpira miguuni, mpaka kina Murielle waje saa sita. Wao wakicheza, wewe pembeni unawaelekeza nani amkabe nani. Mechi ikianza hukuugusa mpira hata siku moja. Mimi nilikuona ulivyokuwa ukirudi nyumbani, moja kwa moja kwenye vyombo vya kuosha.

Jumapili moja ya Septemba mwaka huo upepo ulikuwa mkali, mama akaamua kukuletea chupa ya chai. Nilifuatana naye na vikombe. Tulikuwa bado tunamimina Thierry alipofika na wenzake, akasema desturi inataka mchezaji, siyo mlinzi. Akakuuliza, kwa upole tu, "Dada, weye uko muchezaji?"

Ulimtazama mama. Ukisema ndiyo, umevunja ahadi. Ukisema hapana, Étoile wamepoteza uwanja, na wewe umejikana mbele ya watu.

Mama aliweka chupa chini. "Huyu ameichezea nchi yake," akasema. "Wewe umechezea nchi gani?"

Thierry akacheka, akasema sawa mama, akawaondoa watu wake. Mama akakwambia uvae viatu. Hukuwa navyo. Siku hiyo ulicheza na raba za akiba za Murielle, zikakubana, na ulirudi nyumbani unachechemea na kuimba. Kesho yake mama mwenyewe aliifua ile jezi akaianika uani pamoja na mashuka.

Ulicheza mpaka Mei mwaka jana. Kombe la timu za mitaa hamkuchukua. Mwaka 2017 mlikuwa wa tatu, na timu ya Jeppestown iliwafunga vibaya, sina haja ya kutaja mangapi. Lakini uliwafundisha wasusi kukaba bila kuvutana nywele, na hilo halikuwa jepesi.

Mama ameniamuru niandike hili kama lilivyo, nisilipambe. Katika miaka isiyotimia mitatu uliyoishi nasi, mmoja na ushee alikunyima mpira. Hakujua kwamba iliyobaki ni michache hivyo. Inamuuma, Gulnaz. Anakuomba umsamehe.

Tangu Julai iliyopita, Jumapili saa mbili, yeye ndiye anayekaa chini ya nguzo yako na mpira miguuni. Ana miaka sabini na moja, na chai siku hizi naleta mimi. Juzi mgeni mmoja katika timu ya Thierry alimwuliza kama na yeye ni mchezaji. Kabla mama hajafungua mdomo, Thierry alimjibu yule mtu: "Uyu ni namba mbili ya Étoile."

Tunakukumbuka mumeo Mselem, mama mkwe wako Bi Tumu, mimi wifi yako, wazazi na kaka zako huko Lyari, na Murielle pamoja na Étoile yote.

Mungu akurehemu. Hatujakusahau wala hatutakusahau. Uwanja bado tumekushikia.