Wimbo wa Kufukuzia Nyani

Jumamosi

Bibi hakuupenda. Asubuhi nilimwimbia ule wimbo wake wa kufukuzia nyani shambani, nilioupunguza kasi na kuutia jazi ili niuimbe leo hotelini. Mara ya mwisho wageni waliondoka mmoja mmoja, nikabaki na mhudumu. Meneja akanipa nafasi moja tu ya kujaribu tena. Niliogopa.

"Ukiimba polepole hivyo," akasema Bibi, "nyani watakaa, watakula mpaka washibe."

"Kwa hiyo niuache?"

"Imba. Shamba si langu."

Jioni nikauimba. Watu wakaagiza pweza, wakala, wakaendelea kukaa. Meneja kanipa kila Jumamosi.

Nikampigia Bibi simu.

"Hakuondoka hata mmoja?"

"Hata mmoja, Bibi."

"Pole, mjukuu wangu. Utajifunza."