Udongo wa Baba Uko Ukutani Mwako

Mpendwa Baba Mdogo,

Neno "mpendwa" nimeliweka kwa ajili ya Mama, aliyechungulia nikianza kuandika akasema hakulea watoto wasio na adabu. Shukuru. Hiyo ndiyo heshima yote utakayoipata kwangu leo.

Unakumbuka maonyesho ya kilimo pale Jamhuri? Ulinibeba mabegani nione ng'ombe, ukaninunulia soda, kisha ukaniambia, "Ciru, usitupe hiyo chupa." Jioni, kwenye yadi ya mchanga mliyokuwa nayo na Baba pale Riruta, ukanionyesha kazi yake. Ulitia mchanga nusu chupa, ukaongeza maji, ukatikisa, ukaiweka chini itulie. Mchanga ukatua, matope yakakaa juu yake. "Ukiona matope imekuwa mob, imejaa hivi, rudisha hiyo lori, itapasua ukuta ya mtu," ulisema. "Usionee mtu huruma." Baba alicheka. Nilikupenda sana siku ile, na kukumbuka hivyo kunaniongezea hasira.

Baba alipokufa tulimzika nyumbani, kwenye shamba lililo juu ya mto, mahali alipochagua mwenyewe. Ulilia mpaka ukashikwa na wanaume wawili. Rangi ya msalaba haikuwa imepauka ulipoingia ofisi za serikali huko mjini, ukatoka na hati ya kukodishiwa sehemu ile ile ya mto uchimbe mchanga. Hatukuulizwa. Hati ilikuruhusu mchanga mweupe wa mtoni tu, lakini ulipokwisha, vijana wako wakahamia ukingoni, kwenye udongo mwekundu, wakachimba hadi chini ya kaburi. Mvua ikamalizia. Mama alinipigia simu: "Ciru, kuja. Sanduku ya baba yako inaonekana."

Tulimzika mara ya pili, mbali na mto. Safari hiyo hata simu hukushika.

Ndipo nikakushtaki. Ulifika kortini na mawakili wako na suti ya kijivu, ukapita mbele yangu kama unayepita nguzo ya stima. Wakili wangu akakuuliza kama uligusa ukingo. Ukajibu kwa sauti ya mtu aliyekula akashiba: "Mheshimiwa, hiyo mchanga yote ni ya mto, safi kabisa. Hata nyumba yangu ya Kitisuru nimejenga na hiyo hiyo."

Nilicheka kwa sauti. Jaji alinikaripia, lakini sikujali. Baba Mdogo, ulisahau uliyemfundisha?

Korti iliagiza mchanga uliobaki ulipojenga, ulio nyuma ya geti lako la Kitisuru, uletwe upimwe. Wataalamu walileta vyombo vyao, nami nikaomba ruhusa nipime kwa chupa ya soda. Nikatikisa, nikaiweka mezani, tukangoja. Matope mekundu yakajaa juu ya mchanga, mazito, karibu robo ya chupa. Mawakili wako walianza kunong'onezana. Wewe hukuhitaji kuelezwa. Ulikaa chini kabla ya jaji kusema lolote, na mimi nikakutazama mpaka nikatosheka.

Sasa hati yako imefutwa, na umemtuma pasta kwangu. Nilimkaribisha chai. "Baba yako mdogo anasema hii maneno mmalizie nyumbani," akaniambia. "Nyinyi ni damu." Nikamwomba akuulize damu hiyo ilikuwa wapi tulipokuwa tukimfukua Baba. Sikusamehe, na kutokukusamehe hakuninyimi usingizi. Juzi nilipita Kitisuru makusudi nikaona plasta yako imeanza kupasuka kuanzia dirishani. Nilitabasamu hadi nyumbani.

Korti imekuamuru ujaze ukingo uliouchimba, na nasikia unatafuta udongo wa kununua. Siutaki. Udongo wa kaburi la Baba najua ulipo, na nimeomba korti ikuamuru uurudishe huo huo, toroli kwa toroli. Nikishinda, utabomoa nyumba yako kwa mikono yako. Nikishindwa, endelea kulala humo, Baba Mdogo. Zima taa, geukia ukuta, umwambie kaka yako usiku mwema.

Ni mimi,
binti wa kaka yako.